Kombe la Kwanza la Madame Elvire

Ndugu msomaji, nakusihi kabla hujaendelea: maneno haya yabaki kati yetu tunaosoma Kiswahili. Usimtafsirie mtu, hata mtoto wako akikuuliza unacheka nini. Meneja alinipa ukurasa huu wa programu ya sherehe akisema, "Andika kitu kitamu, rafiki, watu wenu wafurahi." Yeye hawezi kuusoma, na viza yangu inategemea kazi hii ya ukarani.

Jumamosi hii Madame Elvire Lasserre anastaafu baada ya miaka ishirini na sita ya gofu ya kulipwa, kumi na miwili ya mwisho akiwa mwalimu na mchezaji wa klabu yetu hapa Australia, jirani na Minto.

Alizaliwa Pau, Ufaransa, ambako, kwa maelezo yake mwenyewe, watoto hupiga mpira wa gofu kabla ya kuota meno. Alicheza Ulaya, Asia na Australia, na kila alikokwenda alimaliza wa pili, wa tano, au hotelini siku ya Ijumaa pamoja na wengine waliochujwa. Mwaka alioikosa nafasi ya kwanza kwa pigo moja, gazeti la mji wao lilimpa mistari mitatu, miwili ikimhusu mshindi.

Kosa halikuwa lake kamwe. Lilikuwa la upepo, la kunguru, la mpiga picha aliyekohoa, na zaidi ya wote, la mbeba mfuko. Huyu ndiye anayembebea mchezaji fimbo zake na kumshauri. Madame Elvire amewafukuza wa kutosha kuunda timu ya mpira na benchi lake. Mmoja alifukuzwa kwa kupiga chafya. Mwingine kwa kuwa sahihi.

Alipofika kwetu alizungumza Kifaransa na Wakongo wanaotunza nyasi, kisha Léocadie wa jikoni akamfundisha Kiswahili, ambacho hakukiacha kikae bure. Mwanachama mmoja, daktari wa meno, akirusha fimbo na kukosa mpira, Madame humsifu kwa Kiingereza kwamba ana mabega mazuri, kisha humgeukia Venant, mkata nyasi wetu, na kusema, "Huyu anaua nyoka."

"Na nyoka amepona, Mama," Venant humjibu, bila kuinua macho.

Tuseme kweli, tulimpenda. Katika wakubwa wote ni yeye pekee aliyejua majina ya watoto wetu. Mama mkwe wa Venant alipofariki, Madame alikuja msibani Rooty Hill, akala ugali na sombe, yale majani ya muhogo ya kwetu, akakaa mpaka vyombo vikaoshwa. Hakuviosha yeye, lakini alikaa.

Sasa nifike kwenye kombe, lile litakalowekwa mezani Jumamosi likiwa na maua pembeni. Ni la mashindano ya mwezi uliopita, yake ya mwisho, yaliyochezwa hapa kwetu. Kufikia shimo la mwisho alikuwa mbele kwa pigo moja dhidi ya Jacky, binti wa miaka kumi na tisa anayecheza huku akitafuna ubani. Mpira wa Madame ulikuwa umetulia kwenye nyasi fupi karibu na shimo. Ulibaki msukumo mmoja tu. Mfuko wake ulibebwa na Mugambi, mwanafunzi wa uuguzi.

"Kulia, Madam," Mugambi alisema.

"Kulia? Wewe unaona kulia?"

"Naona kulia."

"Basi hao wagonjwa wako Mungu awasaidie."

Akainua kichwa. Nyuma ya kamba tulikuwa tumesimama sisi wafanyakazi, Venant mbele na reki yake mkononi. Madame akamuuliza kwa Kiswahili, kwa sauti ya kawaida kabisa, "Venant, hii inapinda wapi?"

Hapa yeyote asiyejua gofu aelewe jambo moja. Ushauri unaombwa kwa mbeba mfuko wako tu. Ukimuuliza mwingine yeyote unaongezewa mapigo mawili, hata kama alichokujibu ni upuuzi. Na aliyeongoza kwa pigo moja, akiongezewa mawili, anarudi palepale alipozoea.

Venant hajawahi kupiga mpira wa gofu maishani mwake. Sheria hiyo hakuijua. Alichojua ni kwamba mama akikuuliza jambo, hukai kimya kama gogo. "Sijue miye, Mama," akasema. "Labda kushoto?"

Madame akapiga kushoto. Haikuwa kushoto. Mpira ulikuwa na kasi ya kufika mji wa jirani wa Campbelltown, ila uligonga mlingoti wa bendera na kutumbukia shimoni. Watu wakapiga mayowe. Mwamuzi, mama mmoja wa kofia nyeupe, akaja mbio kuuliza wale wawili walisemezana nini.

"Alinipigia kelele," Madame Elvire alijibu kwa Kiingereza. "Nikamwambia anyamaze."

Mugambi alitazama viatu vyake. Venant alimtazama Madame, akingoja acheke. Hakucheka. Akapewa kombe.

Klabu yetu hairuhusu mfanyakazi kumsemesha mchezaji wakati wa mashindano. Venant ameondolewa kwenye nyasi, anaosha vigari, na Jumatatu ijayo ataitwa mbele ya meneja. Sote tunajua wito wa Jumatatu humalizikaje. Nilimuuliza kwa nini hasemi ilivyokuwa. Akaniambia, "Ule mama alikula kwetu siku ya msiba. Mimi nimuite muongo mbele ya Wazungu? Atasema mwenyewe." Léocadie alipomsikia alisonya. "Atasema na mdomo upi? Kombe kalikumbatia mpaka limeuziba."

Madame Elvire, katika wote watakaokaa meza ya mbele, ni wewe pekee unayeweza kusoma ukurasa huu. Utapewa kipaza sauti. Sentensi mbili zinatosha: kwamba uliuliza wewe, na kwamba Venant alijibu kwa heshima. Kombe litakwenda kwa Jacky, ndiyo. Lakini kuwa wa pili hakujawahi kukuua, nawe una uzoefu kuliko sisi sote.

Tunakushukuru kwa kutusalimia kila asubuhi kwa majina yetu na kwa kutuchekesha. Tunakutakia uzee mtamu, magoti yasiyouma na usingizi mzuri, na usingizi huo uanze usiku wa Jumamosi ukitaka.

Programu hugawiwa siku chache kabla ya sherehe, kwa hiyo ukipenda tuonane kabla ya Jumamosi, usipige simu ya ofisi, kwani meneja huipokea yeye. Usinitumie barua pepe. Njoo mlango wa nyuma wa jikoni wakati wa chai, umwambie Léocadie unamtafuta karani, naye ataniita. Kama jikoni kuna watu, mimi hupanda treni ya jioni pale Minto, behewa la mwisho, ghorofa ya chini, maana treni za huku zina ghorofa mbili. Kiti cha pembeni nitakuwekea. Utasema kwa Kiswahili, mimi nitaandika kwa Kiingereza, nawe utatia sahihi kabla hatujafika Cabramatta, maana hapo ndipo anaposhuka Venant, nami nataka ashuke na karatasi hiyo mkononi.