Mahari ya Meno: Bibi Hyeon Ok-cha (1941–2019)

Marehemu Bibi Hyeon Ok-cha alizaliwa tarehe 3 Machi 1941 katika kijiji chetu cha Dolmit, magharibi mwa kisiwa cha Jeju, mtoto wa kwanza wa Mzee Hyeon Chi-baek. Aliingia shule ya msingi mwaka 1948, na mwaka huohuo shule ikachomwa moto katika machafuko. Masomo yakaishia hapo. Kuandika jina lake alijifunza ukubwani.

Februari 1963 mdogo wake, Cheol-u, alichumbia msichana wa kisiwa cha Chuja. Kwa desturi yetu nguruwe wa harusi hutangulia kwa wakwe, na marehemu ndiye aliyetumwa kumpeleka. Mashua ilikuwa ya Mzee Kang Bong-su, ikiongozwa na mwanawe Tae-ik, kijana ambaye alikuwa hajaoa. Abiria mwingine alikuwa fundi wa meno ya bandia kutoka bara, Bwana Pyo Dong-shik, aliyekumbatia sanduku lake la meno na kutapika tangu gatini. Dhoruba iliivunja mashua, Tae-ik akafa maji. Marehemu, fundi na nguruwe walitupwa kwenye kisiwa kisicho na mtu, wakakaa huko karibu miezi miwili.

Wawili hao hawakupikika chungu kimoja, na chungu chenyewe hawakuwa nacho. Marehemu alikula kome wabichi kama karanga. Fundi akila mmoja, anatapika watatu. "We fundi," alimcheka, "kazi yako kuwatafunisha watu, mwenyewe kutafuna hujui!" Njaa ilipozidi, fundi akamgeukia nguruwe. Maneno yao marehemu alitusimulia mara nyingi, akiigiza sauti zote mbili:

"Dada, tumle huyu."

"Thubutu! Nguruwe wa harusi haliwi bila harusi."

"Basi tufunge harusi."

"Na mahari utatoa nini, we mtapikaji? Meno ya bandia?"

"Yote. Sanduku zima."

Marehemu alimnunia siku mbili. Kisha akamwambia wangoje: wakirudi salama na baba akiridhia, nguruwe huyuhuyu atachinjwa kwa ajili yao, na Cheol-u atatafutiwa mwingine. Wakaendelea kula kome na mwani, nguruwe akanenepa kuliko wao. Laiti wangemla.

Kwetu, kijana akifa maji kabla ya kuoa, roho yake haiachwi izurure. Hutafutiwa mwenzi ambaye naye alikufa bila ndoa, wakaozwa, wakazikwa pamoja. Mwili wa Tae-ik ulipopatikana, Mzee Kang alimpa Mzee Hyeon shamba la kando ya barabara, na tarehe 30 Machi 1963 Hyeon Ok-cha akaozwa. Mwanasesere wa majani makavu, aliyevishwa nguo zake, alilazwa kaburini kando ya Tae-ik. Watu wakala wakashiba. Wiki iliyofuata wavuvi waliwateremsha ufukweni bi harusi mwenyewe, fundi na nguruwe wao.

Wapo hapa waliosikia yaliyosemwa siku ile.

"Baba, mimi ni mzima."

"Naona, mwanangu. Ndiyo taabu yenyewe. Mizimu imeshaambiwa."

Mzee Kang alimwita mkwe, akamwonyesha njia ya kwake. Marehemu alikataa. Ndipo wavuvi wakaapa kwamba hakuna mashua itakayotoka maadamu maiti amenyang'anywa mke, na watoto wa kijiji wakaanza kulala njaa. Mwezi Mei aliingia nyumba ya akina Kang, mjane wa mtu aliyewahi kumwambia maneno mawili tu: "Nguruwe nyuma." Nguruwe alichinjwa kwenye harusi ya Cheol-u. Marehemu hakuonja.

Katika nyumba ile alilima shayiri, akafuga nguruwe, na tangu mwaka 1971 akapanda michenza iliyowasomesha watoto wa ukoo mzima, wakiwemo waliomwita "mke wa kaburi". Mwaka 1966 ukoo ulinitoa mimi, mtoto wa mdogo wake Tae-ik, niwe mwana wa marehemu hao wawili ili tambiko lisikatike. Mmoja wa marehemu hao alinibeba mgongoni.

Bwana Pyo hakurudi bara, wala hakuoa. Alifungua kibanda cha meno mjini Hallim. Marehemu alikuwa na meno yenye afya, lakini kila siku ya soko yalimuuma, maana hakuna mzee wa ukoo anayeweza kumkataza fundi kumshika mgonjwa taya. Aling'olewa jino zima baada ya jino zima. Alipofika miaka hamsini hakuwa na lake hata moja. Alikuwa akicheka kwa meno ya Bwana Pyo. Mzee Kang alipofariki, mwaka 1988, nilimuuliza kwa nini asiolewe sasa. "Nimekuwa mjane bila kuolewa," alisema. "Sasa niolewe ili iweje, nikajifunze ujane upya?" Alicheka. Mimi sikucheka, na hasira ninayo mpaka leo.

Agosti 2018 aligundulika kuwa na saratani ya tumbo. Bwana Pyo, mzee wa miaka themanini na ushei, alifika hospitalini kila siku kumsafishia meno. Muuguzi alipomuuliza yeye ni nani wa mgonjwa, alijibu, "Fundi." Marehemu alifariki alfajiri ya tarehe 11 Novemba 2019. Wosia wake kwangu ulikuwa mfupi: "Watakaoniosha wasiyatoe meno haya. Ni mahari yangu."

Wazee wangu wa ukoo wa Kang, jana mlichimba kaburi kando ya Tae-ik. Lifukieni. Pale pana mke tayari, yule mliyemtengeneza kwa majani, na huyo hajawahi kulalamika. Neno la kaburi ni la mwana, na cheo hicho mlinipa wenyewe. Mzee Cheol-u ametoa shamba la kando ya barabara, lilelile ambalo dada yake alibadilishwa nalo, na ndipo tuliposimama sasa. Ukuta wa mawe wa kuzunguka kaburi tumeujenga kwa upana wa watu wawili.

Marehemu ameacha mwana mmoja, Kang Gyu-ho. Mkwe, Moon Yeong-nim. Wajukuu wawili, Se-ra na Tae-yun. Mdogo wake, Hyeon Cheol-u. Na mume, Bwana Pyo Dong-shik.

Alale salama mahali pake, na nafasi iliyo kando yake isiharakishwe.