Shangazi wa Chumba cha Kuamkia

Ifikapo tarehe thelathini ya mwezi huu, daktari wetu wa usingizi, ambaye hospitali nzima humwita Shangazi, atastaafu baada ya kuitumikia hospitali yetu ya wanyama kwa miaka thelathini na mmoja. Kamati ya sherehe imeniomba mimi niandike wasifu wake kwa kuwa nimefanya kazi karibu naye kuliko wengine: yeye chumba cha kuamkia, mimi mapokezi, na katikati yetu ukuta mmoja. Ukuta wenyewe ni mwembamba. Kwa hiyo mengi ya haya niliyaona, na yale ambayo sikuyaona niliyasikia.

Alipoajiriwa, chumba cha kuamkia hakikuwapo. Mnyama aliyetoka kushonwa au kung'olewa jino alilazwa kwenye korido, juu ya gunia, na watu wakamruka wakipita. Dawa ya usingizi ya siku zile ilikuwa haina haraka. Mbwa mkubwa aliyelazwa asubuhi aliweza kukoroma hadi tunafunga milango, mwenyewe amekaa kwenye benchi amechoka hata kuuliza. Shangazi alikuwa akiketi sakafuni pale koridoni, akimgeuza mgonjwa ubavu huu na ubavu ule, akimfunika, akimsugua masikio. Wengi waliamka salama. Wachache mwili ulipoa mno wakati wanasubiriwa, wakaondoka huku amewashika.

Yeye ndiye aliyesoma habari za atipamezoli, dawa ya kuamsha, na kuiombea nafasi katika duka letu la dawa. Daktari mkuu wa wakati ule alisita. Usingizi utaisha wenyewe, alisema, ya nini kukimbizana nao? Shangazi hakubishana. Alimwomba tu aje aketi naye koridoni, wamwangalie jike mmoja wa mbwa aliyekuwa amepasuliwa tumbo. Daktari mkuu aliketi mpaka mguu ukafa ganzi na chai yake ikapoa ofisini. Wiki iliyofuata dawa iliagizwa.

Kwa wageni watakaohudhuria sherehe na hawaijui kazi yetu, niieleze kidogo. Atipamezoli si dawa ya kumtia mnyama nguvu. Inaikuta dawa ya usingizi imekaa kwenye kiti chake mwilini, inaiondoa na kukaa yenyewe. Unamchoma mnyama sindano kwenye paja, unasubiri kidogo, sikio linacheza, kichwa kinainuka, mkia unauliza kuna nini. Lakini dawa ile ya usingizi ndiyo pia iliyokuwa ikimzuia asisikie maumivu. Ikiondolewa, inaondoka na faraja yake. Ndiyo maana Shangazi alikuwa mkali kama pilipili kwa yeyote aliyeshika sindano ya kuamsha kabla ya kumpa mgonjwa dawa ya maumivu. "Usimwamshie kidonda," alikuwa akisema, na aliyeambiwa hivyo mara moja hakuhitaji kuambiwa tena.

Vichekesho navyo havikukosekana. Fundi cherehani mmoja alimleta mbwa wake mzee atolewe uvimbe. Akachungulia mlangoni, akamwona amelala ulimi nje, akageuka bila kuuliza mtu. Shangazi alipokuja kumtafuta na habari njema, alimkuta uani na shemeji zake wawili, jembe begani, wanajadili mahali pa kuzika. Marehemu akatoka mwenyewe nyuma ya Shangazi, akiyumba kama mlevi wa mwisho wa mwezi, akalinusa jembe, akainua mguu. Fundi alicheka huku analia. Baadaye alitushonea mapazia mazito ya chumba cha kuamkia, maana mgonjwa anayeamka hataki mwanga wala kelele. Mojawapo lililiwa na beberu ambaye aliamka upesi kuliko tulivyotarajia, na mwenye njaa.

Siku ambayo wengi wetu tunaikumbuka, hata hivyo, haikuwa ya kuchekesha.

Aliletwa mbwa wa ulinzi, mkubwa kama ndama, ana kidonda cha unyayo. Aliyemshika shingo alikuwa mtunza mabanda wetu, tunayemwita Kufuli kwa sababu hajawahi kuacha mlango wazi. Yeye na Shangazi waliitana kaka na dada tangu walipofahamiana, na kwa ajili hiyo mke wa Kufuli, ambaye ndiye mfuaji wa mashuka na mablanketi yetu, alimwita Shangazi wifi. Asubuhi hiyo Shangazi alikuwa ameshika sindano ya usingizi iliyopimwa kwa uzito wa mbwa yule. Chumba cha pili likaanguka sinia la vyuma. Mbwa alishtuka, akaruka usoni kwa Shangazi. Kufuli akauingiza mkono wake katikati, na sindano ikamwingia yeye, kidole gumba cha Shangazi kikiwa tayari kimeanza kusukuma.

"Si kitu, dada, mchomo tu," alisema, akaendelea kumfunga mbwa.

Shangazi aliitazama sindano. Zaidi ya nusu ya dawa haikuwamo. Alimwambia aketi, Kufuli akasema ataketi akishafunga banda. Alilifunga. Aliporudi midomo yake ilikuwa imepauka, akaanza kusema jambo, magoti yakamwisha.

Tulijaa pale sote. Mkewe alikuja mbio kutoka kufua, mikono ina povu. Kila mmoja wetu alikuwa akiangalia mahali pamoja: kabati la kioo, na ndani yake, safu ya mbele, vile vichupa vya atipamezoli.

"Wifi, hiyo hapo!" alilia mfuaji. "Kila siku unaamsha mbwa, unaamsha paka, mume wangu ndiye umwache?"

"Wifi, hii nimeizoea kwa wanyama," Shangazi alimjibu, ameshapiga magoti, amemlaza Kufuli ubavu. "Kwa mtu sina uhakika wa kipimo, na sijui moyo wake utaipokeaje. Tumpeleke kwa madaktari wa watu."

"Atafia njiani!"

"Anapumua. Simwachi."

Daktari mkuu, yule aliyekufa ganzi mguu koridoni, alimuuliza Shangazi kwa sauti ya chini kama ana hakika. Akasema hana, na ndiyo sababu. Kisha akaniagiza nipige simu hospitali kuu, akatia mfukoni kichupa cha dawa iliyomwingia mgonjwa pamoja na kikaratasi chake cha maelezo, wakambeba hadi kwenye gari la kusafirishia mifugo.

Yaliyotokea njiani nilisimuliwa na dereva. Shangazi alipiga magoti kwenye sakafu ya gari, vidole viko shingoni kwa Kufuli, akiyahesabu mapigo kwa sauti ili mkewe, aliyekaa mbele, asikie kwamba bado yapo. Yalikuwa ya polepole mno. Akifika mia anaanza upya. Walipofika, alimkabidhi daktari wa zamu kichupa, akamweleza dawa hiyo hufanya nini, kiasi gani kimeingia, halafu akaongeza jambo ambalo hakuulizwa: "Mimi ndiye niliyeshika sindano." Wakamwekea Kufuli dripu, wakamfunga mashine ya moyo, wakawapigia simu wataalamu wa sumu. Shangazi akaenda kuketi kwenye benchi la nje. Dereva alimletea maji, ikabidi yeye ndiye amshikie bilauri.

Jioni Kufuli alifumbua macho, akauliza kama mbwa amefungiwa vizuri.

Wiki iliyofuata alikuwa kazini, mzima. Mkewe ndiye hakurudi kama alivyokuwa. Neno wifi halikumtoka tena kinywani. Akawa anasema "Daktari". Mablanketi ambayo zamani aliingia nayo chumba cha kuamkia, akayapanga rafuni huku wakipiga soga, sasa aliyaweka nje ya mlango na kwenda zake. Wakati wa chai alihamia benchi la mbali. Kufuli alijaribu kuwapatanisha, akajibiwa mbele yetu: "Wewe ulikuwa umelala. Mimi nilikuwa macho."

Shangazi hakujitetea, wala hakutuma watu. Alitoka, akayaokota mablanketi, akasema ahsante kwa mtu aliyekwisha kata kona. Iliendelea hivyo miezi mingi. Niliyekuwa upande wa pili wa ukuta najua kwamba nyimbo alizokuwa akiwaimbia wagonjwa chini chini zilikoma kipindi hicho.

Kisha mbwa wa nyumbani kwa Kufuli, jike mdogo wa kahawia, akagongwa na pikipiki. Mfuaji ndiye aliyemleta, amembeba kwenye kanga. Mguu uliungwa vizuri. Baada ya hapo Shangazi alimwomba mfuaji aingie aketi na mgonjwa wake. Aliingia, akaketi karibu na mlango. Dawa ya maumivu ilikwisha kutolewa. Sindano ya kuamsha ikafuata.

Wengi huamka taratibu. Huyu aliamka kwa mshindo. Alisimama mzima mzima, macho wazi lakini hayaoni, akajibamiza ukutani (kalenda yangu upande wa pili ilianguka), akatetemeka mwili mzima, na Shangazi alipomfunika blanketi na kumkumbatia, akamng'ata kifundo cha mkono. Shangazi hakumwachia. Alimshika hivyo hivyo, akimnong'oneza, mpaka jike yule akainusa kanga ya mfuaji na kutulia.

Halafu nikamsikia mfuaji: "Mume wangu angeamka hivi?"

"Sijui," alisema Shangazi. "Pengine angeamka vizuri. Pengine asingeamka. Siku ile sikujua, na mpaka leo sijui."

"Nilikuchukia."

"Nilijua. Nami kila nikilala naiona ile sindano."

Kisha kiti kikasogezwa.

"Lete huo mkono, wifi. Unavuja damu."

Sisi wa mapokezi tuliendelea kuandikisha wagonjwa, lakini polepole.

Tangu ajali ile ya Kufuli hakuna mwenye sindano ya usingizi anayemkaribia mnyama bila kwanza kuhakikisha mshikaji amesimama upande wake salama na simu ya hospitali ya watu iko karibu. Ni Shangazi aliyeuweka utaratibu huo, na ni Kufuli anayetukumbusha, kwa sauti ya juu kuliko inavyohitajika. Chumba cha kuamkia sasa ni chumba kweli: kina dirisha, taa ya joto, na magodoro yanayofulika. Madaktari waliojifunza kwake wametawanyika katika hospitali nyingine, na mmoja wao, aliyerudi mwezi uliopita, ndiye atakayeshika nafasi yake. Mwanzoni alifikiri masharti ya Shangazi ni mengi. Juzi nimemsikia akimfokea mwenzake kuhusu dawa ya maumivu.

Shangazi anahamia kwa dada yake, ambako kuna bustani ya mboga na wajukuu wa kutosha. Amesema hatafuga hata kuku. Hakuna aliyemwamini.

Kwa niaba ya wafanyakazi wote: ahsante, Shangazi, kwa uvumilivu wako, kwa ukali wako uliokuwa na sababu, na kwa kusema "sijui" siku ambayo sote tulitaka useme kingine. Upate afya, usingizi mnono na majirani wema. Leo asubuhi Kufuli amepaka rangi juu ya namba yako ya simu iliyokuwa imeandikwa ukutani hapa mapokezi kwa ajili ya dharura, ili mtu yeyote asikusumbue. Bahati mbaya ni kwamba sote tumeikariri.