Ndege ya Mzee Zephania Isiyopaa

Mheshimiwa Mwakilishi wa Ubalozi, Baba Mchungaji, Shehe wetu, Mzee Zephania mwenye shughuli yako, ndugu wageni waalikwa mliotoka Farsta hadi huku Hjulsta, mabibi na mabwana: itifaki imezingatiwa, ila mimi mwenyekiti wenu nimechanganyikiwa.

Hotuba hii mkononi niliiandika siku tatu. Inasifu ndege ya abiria, ile iliyowaleta wazee wetu kusoma Uswidi. Maana mzee alipotangaza kwamba akistaafu kiwandani Jordbro atatuachia ndege ndogo ya mfano aliyoiunda kwa mkono, itundikwe ukutani humu ukumbini, nani kati yetu alimuuliza ni ndege gani? Hakuna! Zawadi ya mkubwa haihojiwi. Tukashangilia tu, hongera mzee, hongera. Sasa hivi, keki ikikatwa, ameninong'oneza: "Mwanangu Vumilia, hii ni ya kudondosha mabomu."

Jamani! Nimsifu nani, nisifu nini?

Nimemuuliza, kwa nini hii, mzee wangu? Akasema ile halisi aliyoiigiza ilikuwa ya mwanzo mwanzo kabisa, vita vya kwanza vya dunia vikielekea ukingoni, kubwa kama jumba, injini sita. Wakubwa wakakusanyika kuitazama. Ikakimbia uwanjani, ikapiga pua chini, ikavunjika. Haikupaa hata siku moja. "Miaka thelathini na moja nimekagua vyuma vya watu," akaniambia, "na vilivyofaulu havikunifunza kitu." Mzee, kwa ufundi sina neno, hata vijiti vya mabawa umevipanga kama shanga. Miaka tisa ya Jumamosi zako, na mkeo Mama Asteria akilalamika kwamba sebule yake imegeuka karakana! Leo tukiikataa, utairudisha nyumbani kwa treni umeipakata, wajukuu wakikutazama. Moyo wangu haukubali.

Lakini pale mstari wa mbele ameketi Mama Léontine, aliyekimbia mabomu Kongo na watoto wawili mkononi. Kila Jumapili anakunywa chai chini ya ukuta ule ule. Nimwambieje? Karibu mama, kaa, ndege ya mabomu hiyo juu yako? Hapana, naona aibu. Niko njia panda, ndugu zangu, na karatasi hii hainisaidii.

Mama Léontine, nisamehe kukuuliza mbele za watu. Sema wewe. Ukisema hapana, ni hapana, na mzee ataelewa.

Mmemsikia? Sauti yake ndogo, ngoja niwarudishie walio nyuma. Ameuliza, "Hii haikurukaka?" Mzee amemjibu, haikuruka, mama. Naye amesema: "Basi muitundike. Zenye zilirukaka, miye nazijua."

Mzee Zephania, usilie, baba. Tumeipokea, kwa mikono miwili. Ndugu zangu, nawashukuru kwa masikio yenu na kwa kunivumilia. Sasa sogezeni viti, Mama Léontine apite, anataka kuishika.