Mwalimu Msuguano na Sanduku Lake

Ijumaa hii, tarehe 28 Novemba, Mwalimu Msuguano anastaafu baada ya kufundisha fizikia shuleni kwetu kwa miaka thelathini na miwili. Jina hilo alipewa na wanafunzi, na siku hizi hata mkuu wa shule humwita hivyo.

Alipofika, maabara ilikuwa na meza mbili na bomba linalovuja. Bomba alilitengeneza mwenyewe kabla hajafundisha kipindi cha kwanza.

Kila mwaka kidato cha tatu hufikia swali la sanduku lililomo ndani ya lifti inayoanza kupanda, na kila mwaka nusu ya darasa hukokotoa msuguano kana kwamba sanduku liko sebuleni kwao. Husahau kwamba lifti inapoongeza mwendo kwenda juu, sanduku huikandamiza sakafu zaidi, na msuguano nao huongezeka. Mwalimu hakuwawekea alama ya kosa. Aliandika pembeni kwa wino mwekundu: "Lifti imeharibika?"

Ambao bado hawakuelewa aliwavusha barabara hadi kwenye jengo la ofisi lenye lifti, na sanduku la mbao, kamba na mizani ya springi. Mara ya kwanza mlinzi aliwazuia. Watu gani hawa wanapanda na kushuka na sanduku, na hawana ghorofa wanayoiendea? Baadaye akawa ndiye anayewafungulia mlango, huku akiwatania kwamba mzigo huo mwenyewe hajapatikana hadi leo.

Hata mimi nilipandishwa lifti hiyo. Baba wa watoto wangu alipofariki, nilirudi kufundisha hesabu baada ya wiki moja tu. Nilishindwa. Nilisimama mbele ya ubao na chaki mkononi, nisijue nilitaka kuandika nini. Nikawaambia wenzangu kwamba naacha kazi.

Mwalimu hakunihubiria. Alinipeleka ng'ambo ya barabara, akaniomba nivute sanduku mara tu lifti ilipoanza kupanda. Likagoma. Lifti iliposhika mwendo na kuacha kuuongeza, akaniambia nivute tena kwa nguvu zile zile. Likaja taratibu.

"Sanduku ni lile lile, dada yangu," alisema. "Umevuta mapema tu."

Akashika vipindi vyangu vyote juu ya vyake hadi muhula ukaisha, nami nikakaa nyumbani na wanangu. Muhula uliofuata nilirudi, na bado nipo.

Wiki hizi tumemwona akibaki maabara baada ya masomo, akipanga vifaa ambavyo tayari vimepangwa. Anasema hajui Jumatatu ataamkia wapi.

Mwalimu wetu, ahsante kwa yote. Tunakuombea afya, mapumziko mema na maisha yenye furaha pamoja na jamaa zako. Na hiyo Jumatatu ikikuwia nzito, usiivute kwanza. Lifti itashika mwendo.