Nélida Bascans, Aliyewaketisha Akina Mama Jukwaani

Ndugu na marafiki, tunayemzika leo ni mama yangu mkubwa. Mimi Mirtha, mtoto wa mdogo wake Elsa, nimepewa heshima ya kuyasoma maisha yake.

Marehemu Nélida Bascans alizaliwa tarehe 9 Agosti 1944 mjini Paysandú, mtoto wa kwanza wa Bwana Aníbal, fundi viatu, na Bibi Obdulia.

Alisoma shule ya masista hapohapo Paysandú. Katika igizo la Krismasi alipewa nafasi ya kondoo, akalia kwa bidii hata Yosefu akasahau maneno yake. "Binti, kondoo hana la kusema hapa," sista alimkemea. Marehemu alishikilia hadi uzeeni kwamba sista alikosea. Alihamia Montevideo mwaka 1963, akahitimu chuo cha maigizo mwaka 1967.

Kwa miaka michache aliigiza wajakazi na wachumba wanaolia katika kumbi kubwa. Mwaka 1971 alichoka. Yeye na wenzake wawili wakakodi ghala la zamani la sufu mtaa wa Palermo, wakaanza kutunga michezo ya majaribio kuhusu maisha ya wanawake, isiyo na pazia wala shujaa. Mchezo wao uliovuma zaidi, "Chakula Tayari", ulionyeshwa Juni 1976. Akina mama wa mtaani waliketi mezani jukwaani, waume zao wakapika na kuwapakulia. Basi, ulikuwa huo tu. Wakati huo wanajeshi walikuwa madarakani, na siku ya pili afisa wa polisi akaingia.

"Hawa wanapinga nini?"

"Waulize wenyewe," Nélida akamjibu.

Bibi Ofelia, mfua nguo, hakuweka kijiko chini. "Mwanangu, tangu niolewe nakula nimesimama. Leo nimeketi. Kama ni kosa niandikie, ila ngoja nimalize supu."

Ukumbi mzima ulicheka, na kicheko hicho kikamponza Nélida. Ghala lilifungwa, naye akawekwa ndani miezi saba. Alitoka amekonda, kichwa kimenyolewa. Mama yangu akamsihi aache.

"Niache nifanye nini, Elsa? Nifume soksi?"

Haukupita muda, akawa anaonyesha mchezo uleule katika nyua za watu, milango imekomewa. Alifanya hivyo mpaka wanajeshi walipoondoka mwaka 1985, na ghala likafunguliwa tena, Bibi Ofelia akiwa wa kwanza kuketi mezani.

Mwaka 1979 alifunga ndoa na Bwana Washington Pintos, fundi wa taa za jukwaani. Alimwonya mapema: "Mimi sitakupikia." Washington akasema, "Afadhali. Nimeshawahi kuonja mapishi yako." Walijaliwa binti mmoja, Ariadna.

Mwaka 2014 alipatwa na ugonjwa wa kutetemeka. Hakuuficha. Mwaka 2018 alipanda jukwaani peke yake, akajimiminia chai ya majani ya mate, nusu ikamwagikia gauni. Mwanafunzi wake mmoja akainuka kumsaidia. "Kaa, mwanangu," alimwambia, "sijakuita." Akanywa mpaka mwisho, na watu wakampigia makofi wamesimama.

Alifariki nyumbani kwake tarehe 14 Machi 2022, Ariadna akiwa amemshika mkono.

Ameacha mume, binti, wajukuu wawili, Bruno na Celeste, mdogo wake Elsa, na wanawake wengi walioingia ghala lile kutazama wakaishia kuigiza.

Mama mkubwa, kazi umeifanya. Mungu akupokee, ulale kwa amani.