Mama Sikio, Aliyetuonyesha Nyimbo Zilipozaliwa

Ndugu, jamaa, majirani, na ninyi wageni wa Jumamosi mliokuja na viatu vya kutembelea kama alivyowazoeza: familia imenipa heshima ya kuwasomea maisha ya dada mkubwa wa mama yangu mzazi. Mimi nilimwita Mama Mkubwa tangu nilipojua kusema. Wengi wenu mlimwita Mama Sikio. Katika karatasi hii tumemwita marehemu, ingawa neno hilo bado hatujalizoea.

Marehemu alizaliwa tarehe 14 Machi 1949, mtoto wa pili kati ya watoto watano, katika nyumba ya vyumba viwili nyuma ya stesheni ya reli. Baba yake alikuwa fundi saa na mama yake alikuwa mshonaji. Saa za wateja zilijaa ukuta mzima wa chumba cha mbele, na hakuna hata mbili zilizokubaliana. Babu alikuwa akisimulia kwamba siku moja mtoto huyu, akiwa na miezi saba, alilia asibembelezeke. Bibi akasema ni meno. Babu akasikiliza kidogo, akasema, "Si meno, ni ile saa ya duara karibu na mlango. Imesimama." Akaitia ufunguo, mtoto akanyamaza.

Alianza darasa la kwanza mwaka 1957 katika shule iliyokuwa jirani na karakana ya reli. Akiwa darasa la tano alimwendea mwalimu mkuu akamwambia, "Mwalimu, kengele inaumwa." Alipigishwa magoti mbele ya darasa kwa utani usio na adabu. Siku ya tatu kengele ikapasuka vipande viwili, na fundi aliyeitwa akaonyesha ufa wa zamani, mwembamba kama unywele, uliokuwa ndani. Mwalimu mkuu alikuwa muungwana. Alimwita mbele ya shule nzima akamwomba radhi, jambo ambalo wanafunzi wa siku zile hawakuwa wamewahi kuliona kwa macho yao. Marehemu alimaliza darasa la nane mwaka 1964. Ada ya kuendelea haikupatikana, akakaa nyumbani akimsaidia mama yake kutia vifungo na kukunja pindo.

Tarehe 3 Juni 1968 aliajiriwa katika kiwanda cha santuri kama mfungashaji. Hakudumu kwenye maboksi. Msimamizi aligundua kwamba binti huyu aliweza kutaja santuri yenye hitilafu kwa kuisikia ikipigwa chumba cha pili, mlango ukiwa umefungwa. Akahamishiwa chumba cha ukaguzi ghorofani, akapewa meza, taa, penseli nyekundu na hedifoni. Kazi yake ilikuwa kuchukua santuri moja katika kila hamsini, kuisikiliza pande zote mbili bila kuruka, na kuamua. Akitia alama nyekundu, mzigo mzima unarudi chini. Alikaa kwenye kiti hicho miaka ishirini na tatu. Nyimbo ambazo wazazi wetu walichezea kwenye harusi zao, yeye alizisikia kabla ya mtu yeyote mjini.

Ndoa yake nayo ilitoka chumba hicho hicho. Mwaka 1973 alirudisha mizigo minne ya fundi mmoja wa mitambo ndani ya wiki moja. Fundi akapanda ngazi akiwa amefura.

"Dada, una ugomvi na mimi?"

"Sina. Santuri zako zinakwaruza."

"Zinakwaruza wapi? Mimi nimezisikiliza zote!"

Marehemu hakubishana. Alimvalisha hedifoni, akaweka sindano, akamwinulia kidole kila mkwaruzo ulipopita. Fundi akasikia wa kwanza. Akasikia wa pili. Akavua hedifoni taratibu, akasema, "Kumbe nilikuwa kiziwi." Kuanzia hapo alipanda ngazi kila siku, hata alipokuwa hana mzigo wowote wa kuulizia. Walifunga ndoa tarehe 20 Aprili 1974 na kujaliwa watoto watatu. Baba Mkubwa yuko hapa mbele yetu, na hadi leo anashikilia kwamba ule mzigo wa nne haukuwa na kosa lolote.

Kiwanda kilifungwa mwaka 1991. Mitambo iliuzwa kwa kilo kama chuma chakavu. Marehemu aliruhusiwa kuchukua nakala za majaribio zilizokuwa kwenye kabati lake, santuri mia tatu na kumi na mbili, akazihamishia nyumbani kwa mkokoteni, safari tatu. Kisha akafanya kazi ya mapokezi kwa daktari wa meno hadi alipostaafu mwaka 2004. Sisi watoto tulidhani habari ya santuri imekwisha. Kumbe ilikuwa inapumzika.

Mwaka 2006 mwalimu wa muziki wa sekondari, ambaye alikuwa mgonjwa wa meno pale kliniki, alimwomba awaonyeshe wanafunzi wake mahali nyimbo za zamani zilipotengenezwa. Marehemu alizunguka mitaa wiki nzima na daftari. Jumamosi ya kwanza walikuja wanafunzi tisa. Hakuacha tena. Kila Jumamosi saa tatu asubuhi alisimama mbele ya stesheni na kikapu chake cha magurudumu, ndani yake gramafoni ndogo ya betri na santuri nane, na kuwaongoza waliokuja, wawe wawili au hamsini. Alikuwa akisema, "Mwenye macho haambiwi tazama. Lakini mwenye masikio lazima aambiwe sikiliza."

Mimi nilidhani naujua mji huu. Nimezaliwa hapa. Jumamosi niliyomfuata kwa mara ya kwanza nilirudi nyumbani kama mgeni. Duka la kushonea sare za shule, kumbe ndipo makoti ya bendi tatu yalipokatwa, na fundi wa sasa bado anatumia meza ile ile, ina alama za mkasi wa baba yake. Ghala la magodoro ninalopita kila siku lilikuwa ukumbi wa dansi. Mama Mkubwa alipiga hodi, akasalimiana na mwenye ghala kama ndugu, akawaomba vijana wasogeze magodoro ya pembeni. Sakafu ilikuwa ya mbao ngumu, na karibu na mahali jukwaa lilipokuwa palikuwa na bonde. Ndiyo, bonde, kwenye mbao. "Wekeni mikono," alisema. Tukapiga magoti watu ishirini na kitu, tukaweka viganja. "Hapo ndipo walipogeukia. Miaka kumi na nane ya visigino." Kisha akapiga wimbo uliorekodiwa ukumbini humo, na hakuna aliyetaka kuondoa mkono wake.

Kituo cha mwisho kilikuwa studio ya zamani, ghorofani juu ya duka la rangi. Chini yake, barabarani, kabla ya kutupandisha juu, alipiga santuri moja ya mwaka 1972. Lebo ilitaja bendi, ikataja mpiga gitaa, na mwisho ikaandika tu "pamoja na mwimbaji wa kike". Marehemu alikuwa ameikagua mwenyewe kiwandani. Katika ubeti wa pili, kabla ya neno la mwisho, mwimbaji anavuta pumzi kidogo, kama mtu aliyeguswa bega. Penseli nyekundu ilikuwa tayari mkononi. Aliirudia santuri mara tatu, kisha akamwambia mwenzake, "Hili si kosa. Huyu ni mtu." Akaipitisha. Tangu hapo alitaka kujua ni nani. Aliwauliza wanamuziki, akawauliza wajane wao. Hakuna aliyekumbuka. Basi kila Jumamosi aliuliza barabarani: "Huyu hatumjui jina. Anayemjua aseme."

Aliuliza hivyo miaka tisa.

Tarehe 8 Agosti 2015, santuri ikiwa katikati, gramafoni ilianza kuvuta sauti, ikawa nzito, ikazimika. Marehemu akacheka. "Samahanini jamani, betri imenisaliti. Ubeti wa pili mtausikia Jumamosi ijayo."

Ndipo ubeti wa pili ukaja kutoka ng'ambo ya barabara.

Aliyekuwa akiimba ni mama mmoja muuza nyuzi na vifungo, mtu wa miaka sitini na kitu, amesimama mlangoni pa duka lake, futi ya kupimia ikining'inia shingoni. Sauti ilikuwa imezeeka, lakini haikuyumba. Wapita njia walisimama. Mwenye duka la rangi alitoka na kopo mkononi. Na kabla ya neno la mwisho, akavuta ile pumzi.

Binti wa marehemu, aliyekuwa kando yake, anasema alimwona mama yake akiziba mdomo kwa mikono miwili. Kisha akavuka barabara bila kuangalia magari, kosa ambalo Baba Mkubwa hajalisamehe.

"Ni wewe," alisema.

"Ni mimi, dada."

"Miaka tisa nasimama pale nauliza! Hukunisikia?"

"Nilikusikia. Kila Jumamosi nilikuwa nazima redio ya dukani ili nisikie vizuri."

"Sasa mbona hukuvuka?"

"Ningesema nini? Nilikuwa mfagizi pale juu. Siku hiyo mwimbaji wao alikaukiwa na sauti, wakaniambia, wewe si huwa unaimba ukifagia, hebu njoo. Nikaimba mara moja. Wakasema asante, nikarudi kwenye ufagio. Hakuna aliyeniuliza jina. Nani angemwamini muuza vifungo?"

"Mimi," alisema marehemu. "Mimi nilikupitisha."

Wakashikana mikono pale mlangoni, wakalia kama watoto, na ziara ya siku hiyo ikaishia hapo.

Kwa marehemu jambo lilikuwa ndiyo kwanza linaanza. Alitaka jina la mwenzake liandikwe kwenye rejesta ya hifadhi ya muziki. Afisa akadai karatasi. Karatasi hazikuwapo, studio ilikuwa imefungwa na wenye bendi walikuwa wametangulia. Alikwenda ofisi hiyo mara kumi na saba. Wapo waliomwambia aachane nayo, lakini marehemu akishakamata jambo alikuwa haambiliki. Mara ya kumi na nane alikwenda na muuza nyuzi, gramafoni na hedifoni. Alimvalisha afisa hedifoni, akaweka sindano. Wimbo ulipokwisha, akamvua hedifoni, akamgeukia mwenzake: "Haya, dada." Mama yule akaimba akiwa amesimama mbele ya meza, mkoba kwapani. Afisa akafungua rejesta, akauliza, "Jina lako linaandikwaje, mama?" Hiyo ilikuwa tarehe 6 Februari 2018, miaka arobaini na sita baada ya wimbo kutoka. Wiki hiyo jina lilisomwa redioni. Mwenye jina yuko nasi, safu ya pili, na ametuomba tusimsimamishe.

Marehemu aligundulika kuwa na kisukari mwaka 2009. Alikiheshimu, ila hakukipigia magoti. Mwaka 2019 kidonda cha mguu kilikataa kupona, na tarehe 21 Mei alikatwa mguu wa kushoto chini ya goti. Daktari kijana aliyemfanyia upasuaji alikuja kumfariji, maneno yakamwishia. Ikabidi mgonjwa amfariji daktari: "Usijali, mwanangu. Ilikuwa ziara ya miguu. Sasa itakuwa ziara ya mguu." Baada ya wiki kumi na tano alirudi stesheni katika kiti cha magurudumu, akisukumwa na Baba Mkubwa, aliyekuwa akilalamikia kila ukingo wa barabara kwa sauti ya kutosha kuchukuliwa kama sehemu ya maelezo. Na walipofika studio, wafanyakazi wa duka la rangi walitoka wanne, wakainua kiti pamoja naye, wakampandisha ngazi zote ishirini na mbili. Hakuna aliyewaomba. Walifanya hivyo kila Jumamosi, miaka minne.

Mwaka 2022 figo zilianza kushindwa, akawa anasafishwa damu mara tatu kwa wiki. Hospitali ilimpangia Jumanne, Alhamisi na Jumamosi. Akarudisha ratiba kama alivyokuwa akirudisha santuri. "Jumamosi nina kazi," aliwaambia, wakambadilishia. Ziara yake ya mwisho ilikuwa tarehe 14 Oktoba 2023, akiwa na watu arobaini na mmoja. Tarehe 9 Novemba alilazwa. Asubuhi ya Jumamosi, tarehe 18, alimwita muuguzi akamwambia kwamba gurudumu moja la kitoroli cha dawa linalia, litiwe mafuta. Kisha akafumba macho. Alifariki saa nne na dakika ishirini, mkono wake ukiwa katika mkono wa binti yake mkubwa. Muuguzi ametuma salamu kwamba mafuta yametiwa.

Marehemu ameacha mume, wadogo wawili, watoto watatu, ambao wa pili kati yao ameshika kikapu na atakuwa stesheni Jumamosi ijayo saa tatu, wakwe, wajukuu wanane, na kitukuu mmoja wa kike aliyezaliwa juzi, siku nne baada yake, ambaye bado hatujampa jina. Jana Baba Mkubwa alipelekwa kumwona. Alimpakata muda mrefu. Mtoto akaangua kilio, wodi nzima ikageuka. Watu wakanyoosha mikono wampokee mzee. Akakataa.

"Mwacheni," alisema. "Namsikiliza."

Mwenyezi Mungu ampokee mama yetu, na ampe amani isiyokwisha.