Mama Wilkista na Kuku wa Afande

Leo ni Ijumaa, tarehe 30 Novemba 2007. Ni miaka kumi na mitano tangu mapigano ya mwaka 1992 yanifukuze kwetu mlimani, na karibu yote nimeikaa nikitazamana na meza ya Mama Wilkista Nabwile, anayestaafu leo baada ya miaka ishirini na miwili katika ofisi yetu ya mawakili hapa Kitale.

Kazi yake ilikuwa kupeleka amri za mahakama. Wakili akishinda kesi ya gari lililozuiliwa kituo cha polisi bila sababu, Mama Wilkista ndiye aliyeifikisha amri mkononi mwa aliyelizuia. Wakubwa wa vituo, kutoka hapa hadi Bungoma, walimjua kwa mwendo wake, na wakimwona langoni walikumbuka ghafla kwamba wana mkutano. Yeye aliketi, akatoa sindano zake za kufumia, akasubiri. Sweta hii niliyovaa ilifumwa kwenye benchi la polisi.

Safari inayokumbukwa zaidi ni ya mwaka 2003. Chelimo, aliyekuwa akikusanya maziwa ya majirani zake huko mlimani na kuyaleta mjini, alisimamishwa barabarani, pikapu yake ikapelekwa kituoni. Ilikaguliwa, ikaonekana haina kasoro, ikabaki palepale. Yeye hakushtakiwa kwa lolote. Miezi miwili maziwa yakaharibika, na majirani wakaanza kutafuta mtu mwingine wa kuyabeba. Mahakamani, hakimu aliuliza gari linashikiliwa kwa kesi gani. Polisi wakapekua faili tupu. Akaamuru liachiliwe siku hiyohiyo.

Mama Wilkista na Chelimo walipofika kituoni, mkuu wa kituo aliisoma amri mara mbili, akakuna shingo. Kuku wake alikuwa analalia mayai kwenye kiti cha dereva.

"Mama, si ungoje atotoe? Ni wiki mbili tu, bana."

"Afande, hakimu amesema leo. Kuku hayuko kwa hiyo amri. Shika wako."

Alimshika, akadonolewa mpaka kofia ikaanguka. Mayai yakahamishiwa kwenye kofia hiyo, kuku akafuata nyuma akilalamika. Betri ilikuwa imekufa, kwa hiyo askari walewale walioileta pikapu ndio walioisukuma hadi langoni, wakicheka. Kesho yake asubuhi maziwa yalifika mjini.

Mwaka jana mkuu yule, sasa mstaafu, aliingia ofisini kwetu kofia mkononi. Askari wa baraza la mji mmoja, ambao sitautaja, walikuwa wamezuia gari lake la mboga. Mama Wilkista alimpa kiti, na kabla ya kumwita wakili alimuuliza jambo moja tu:

"Ndani kuna kuku?"

Tulishinda, na Mama Wilkista akaipeleka amri mwenyewe.

Kesho Chelimo atapakia vyombo vya Mama kutoka mtaa wa Tuwan kwenye pikapu ileile na kumfikisha kwao Naitiri. Mama Wilkista, asante kwa kila gari lililotoka. Shamba likupokee vizuri, afya ikae nawe, na usikalie tena benchi la polisi.

Akitoka Naitiri, Chelimo atapanda kwao mlimani, jirani kabisa na kwetu, kule nilikokimbia. Ameniuliza kama niwekewe nafasi mbele. Nimemshukuru. Mimi sitarudi.